Kiganja Kimoja Kutoka Ukutani

Siku yangu ya kwanza kazini nilifika maktaba kabla majogoo wa mtaa wa Mafiga hawajaafikiana nani aanze kuwika. Suruali niliipiga pasi hadi mkunjo wake ungeweza kukata mkate. Cheti changu cha masomo ya jioni nilikishika mkononi, maana sikutaka mtu adhani nimekuja kufyeka majani. Mkutubi, ndiye mkuu wa maktaba, alikuwa mama mfupi aliyenong'ona, na mnong'ono wake ulitisha kuliko radi.

"Shikamoo, Mama Mkutubi."

"Marahaba. Kusoma unajua. Na kufuta vumbi?"

"Mama, vumbi likiniona linahama lenyewe."

"Haya. Uko kwenye majaribio miezi sita. Tutaona litahamia wapi."

Nyinyi vijana mkipita pale mnaona jengo kuukuu tu. Chumba cha mbele ndicho cha zamani kuliko vyote: kuta za matofali ya kuchoma, nene hata tembo angeegemea asinzie. Chini ya paa kuna safu ya matundu ya hewa, vidirisha visivyo na vioo, na upenu mpana unafunika baraza linalotazama milima ya Uluguru. Chumba cha watoto, kule nyuma, kilijengwa na wazazi kwa kujitolea. Fundi wao alikuwa mfupi, akapima mlango kwa kichwa chake mwenyewe. Kizingiti chake cha juu kimenigonga hadi tukazoeana.

Sasa, katika chumba cha mbele kila rafu ilisimama kiganja kimoja kutoka ukutani. Mimi, msomi mpya, nikaona ule ni uvivu wa walionitangulia. Mama Mkutubi alipokwenda mafunzoni Dar, nikazisukuma rafu zote hadi zikabusu ukuta. Pakapatikana nafasi ya meza nzima! Wanafunzi wa Mzumbe wakanipongeza, nikatembea kifua mbele kama mkuu wa mkoa.

Masika yakaingia. Mama aliporudi, alichomoa kitabu kwenye rafu ya chini, akakinusa.

"Nani kasogeza rafu?"

"Mimi, Mama. Tumepata nafasi ya meza."

"Umepata shamba la uyoga."

Kumbe ukuta ule wa upande wa mlimani hunywa maji masika yote, na kile kiganja kimoja ndiyo njia ya upepo unaoshuka kutoka kwenye matundu kupita nyuma ya vitabu. Aliyelijenga jengo aliijua mvua yetu. Mimi niliyezaliwa chini ya mvua hiyo sikuijua. Safu nzima za chini zilikuwa na kuvu.

"Mkaguzi anakuja Ijumaa," Mama akanong'ona. "Kitabu chenye kuvu kinafutwa kwenye daftari, kinachomwa moto. Vikifutwa hivi, na wewe umefutika."

Na siku ile ilikuwa Jumatatu! Nyumbani nilikuwa na kitabu kimoja na kalenda. Kufukuzwa pale kwangu kulikuwa sawa na kutolewa peponi, tena kwa kosa la kupanga viti vya malaika.

Kitabu hakianikwi juani kama mpunga, jua hukunja jalada. Husimamishwa kivulini, kurasa zimechanuliwa kama mkia wa tausi, kisha kuvu hupanguswa kwa brashi laini. Tukavitoa vyote barazani. Bibi Mkude, mwuza karoti aliyeshuka mlimani kila asubuhi na kupumzika pale akisomewa magazeti, akatua tenga lake.

"Mwanangu, unaanika bila kutazama mlima?"

"Bibi, si unaona jua linavyowaka?"

"Jua ni mgeni tu hapa. Wingu likishafunga kilele kile, una muda wa kumenya karoti tatu. Ingiza!"

Sikubisha. Wasomaji wakajipanga mstari, vitabu vikapita mkono kwa mkono, mwalimu akimpa fundi baiskeli, fundi akimpa mama mwenye mtoto mgongoni. Cha mwisho kilivuka mlango na mvua ikamwagika kama imekatiwa kamba. Kuanzia hapo Bibi akawa mlinzi wetu. Siku nne alipiga kelele za "Ingiza! Toa!" katika nyumba ambayo mtu alikatazwa hata kukohoa, na Mama Mkutubi akajifanya kiziwi.

Ijumaa, Mkaguzi akaja na tai yake, akaenda moja kwa moja rafu ya chini. Akapekua kurasa.

"Hivi vililowa."

Moyo wangu ukahamia stendi ya Msamvu kutafuta basi.

"Vililowa, vimekauka," Mama akajibu. "Aliyevikausha ni huyu."

Aliyevilowesha hakumtaja.

"Basi akawafundishe na wenzake wilayani," akasema Mkaguzi.

Alipoondoka nikataka kushukuru. "Nyamaza," Mama akasema. "Nilitetea vitabu. Wewe rudisha rafu."

Nikathibitishwa kazini. Nikazunguka wilaya kwa wilaya kufundisha kukausha vitabu, nikarudi kuhudumu chumba cha watoto, nikamalizia utumishi wangu kwenye dawati la kuazimisha vitabu. Miaka yote hiyo vitabu nilivijua kwa migongo yake. Anayevilinda hapati nafasi ya kuvisoma.

Nilistaafu Ijumaa. Jumatatu nikaingia kwa mlango wa wasomaji.

"Shikamoo, babu," akasema binti wa dawatini. "Kadi yako?"

Sikuwahi kuwa nayo! Akanipa fomu. Penye *Kazi* nikaandika "mstaafu", nikakata, nikaandika "msomaji". Akagonga muhuri kwenye kitabu nilichochagua.

"Wiki mbili, babu. Usichelewe."

Nilikwishakaa barazani, niko ukurasa wa kwanza.