Kiseyeye cha Muuza Machungwa wa Kabuku

Nimeambiwa niseme kwa upole. Mwenyekiti wa kikundi chenu amenishika mkono pale mlangoni akaniambia, "Mama Hadija, wape moyo kina mama wa Masuguru, usiwagombeze." Nimemwitikia kwa adabu. Lakini upole ulinitoka pamoja na meno mawili, kwa hiyo mnivumilie hivi hivi.

Mimi ni mkazi wa Kabuku, nauza machungwa kando ya barabara kuu. Basi likisimama, mimi nipo dirishani na beseni langu. Nilikuwa mwanamke wa kubeba tenga kichwani kutoka shambani bila kupumzika njiani. Nyumbani tulikuwa watatu: mimi, mume wangu Athumani, na dada yake Mwantumu, mjane, aliyerudi kuishi kwa kaka yake baada ya mumewe kufa huko Mashewa. Huyu Mwantumu nawatajia mapema kwa sababu habari hii inamhusu yeye kuliko mimi. Mimi niliugua nikapona. Yeye hakuugua hata siku moja, na maisha yake niliyavuruga mimi kwa mdomo huu.

Ilianza na kiungulia. Kiungulia tu, cha mtu anayekula machungwa tangu alfajiri bila kitu kingine tumboni. Mwenye akili angeanza kwa kunywa uji. Mimi nikaenda mnadani Handeni. Pale, katikati ya ng'ombe na wauza vitenge, mwanamume amesimama juu ya pikapu na kipaza sauti, koti jeupe, viatu vimechongoka. Anajiita Mtaalamu. Mtaalamu wa nini, hakusema, na sisi umati mzima tuliomzunguka hakuna aliyeuliza. Anatibu vidonda vya tumbo, ugumba, kisukari na mikosi ya biashara kwa unga mmoja ule ule, umetiwa kwenye chupa zilizowahi kuwa na maji ya kunywa.

"Dawa yangu ina mwiko," akasema. "Asiyeweza mwiko asinunue! Hakuna kichachu. Hakuna kibichi. Hakuna jani la aina yoyote. Ukivunja, dawa inageuka sumu."

Sasa sikilizeni, maana ugonjwa wetu mkubwa uko hapo. Watu wa kwetu dawa isiyo na mwiko hatuiheshimu. Ukipewa vidonge hospitali ukaambiwa kula unachotaka, unaona umepewa vidonge vya bure, unavitupa kwenye kabati. Lakini mtu akikukataza bamia, ndimu na mlenda, unasema huyu ndiye. Yule tapeli alitujua vizuri. Mimi nilinunua mwiko, unga nikaongezewa.

Siku arobaini nikala wali mweupe, ugali, maandazi, nyama ya kuchemsha, chai ya rangi. Kiungulia kikaisha. Bila shaka kiliisha, nilikuwa nimeacha machungwa! Hata ng'ombe wa pale mnadani angeelewa. Mimi nikasema dawa imeshika, nikaendelea na mwiko kwa hiari yangu, miezi mitano. Kila aliyekuja kwangu nilimhubiria. Nilijiona mwanamke wa msimamo kweli kweli. Na kutwa nzima nimekaa nyuma ya lundo la machungwa, namenya, nawapa abiria, maji yake yananitiririka mpaka kwenye kiwiko, na mwenyewe silambi hata kidole.

Mwezi wa tatu wa mwiko miguu ikawa mizito. Nikiamka nimechoka kuliko nilivyolala. Vikatoka vidoa vyekundu kwenye kila shina la kinyweleo, na vinyweleo vyenyewe vimejisokota. Nyuma ya goti pakavilia damu, pakawa zambarau, wala sikujigonga popote. Fizi zikavimba zikawa laini kama maini, zikaanza kuyafunika meno. Nikiuma andazi linabaki na damu. Mdomo ukanuka. Abiria wananipokea chungwa huku wamegeuza uso upande wa pili. Athumani akahamia kulala sebuleni, akasema ni joto. Joto gani, jamani, Julai, katikati ya kipupwe!

Huyo Athumani namsema mbele yenu na akisikia asikie. Aliambiwa kijiweni kwamba miguu ikiuma ni mifupa imekauka, dawa yake supu ya kongoro, ile miguu ya ng'ombe. Akaleta kongoro. Tukanywa supu ya kongoro asubuhi na jioni mpaka mchinjaji akatuuliza kama tuna shughuli. Meno yakazidi kulegea. Siku moja nikauma tonge la ugali, nikahisi kitu kigumu, nikadhani ni jiwe. Nikalitoa, nikakuta ni jino langu, limetoka zima na mzizi wake, bila maumivu. Nikalifunga kwenye pindo la khanga nikamaliza kula.

Na Mwantumu? Kila mchana alikuja na bakuli. Mchicha umeungwa vizuri, kachumbari ya nyanya pembeni, amekamulia ndimu. "Kula, wifi," ananiambia. "Unakauka. Angalia macho yako." Nikamjibu nipo kwenye mwiko. Kesho yake anakuja tena. Nilikuwa nangoja ageuke, nawamwagia kuku. Kuku wale walikuwa na afya kuliko sisi wote wenye nyumba.

Halafu kovu likafunguka. Nina kovu hapa mbele ya mguu, panga liliniteleza tukifyeka shamba nikiwa msichana. Lilishapona, nikazaa, nikaozesha binti, kovu limetulia. Mwezi wa tano wa mwiko likawa jekundu, likalainika, likaachia. Kidonda cha ujana wangu kikarudi vile vile kinavuja damu. Hapo nikaogopa sana. Nani amewahi kuona kovu linarudi kuwa kidonda? Nikasema huu si ugonjwa wa Mungu.

Nikarudi kwa Mtaalamu nikiwa napelekwa kwa bodaboda. Akaangalia mguu, akauliza, "Nani anakuletea chakula cha majani?"

Nikasema, "Wifi yangu."

"Umejibu mwenyewe," akasema.

Basi. Maneno mawili hayo yalinitosha, mimi mwanamke mzima ninayejua kubishana na makondakta. Nilipofika nyumbani, baada ya Alasiri, majirani wapo, nikamtolea Mwantumu virago. Nikatupa mkeka, nikatupa sufuria. Nikamwita mchawi kwa sauti niliyokuwa nayo yote.

Akasimama pale uani mikono ina unga. "Mimi nikuroge ili iweje, wifi? Nirithi beseni lako?" Kisha akamgeukia kaka yake. "Na wewe Athumani unasemaje?"

Athumani akaangalia simu yake.

Mwantumu akakunja mkeka, akaondoka kwenda Mashewa, kwenye kibanda alichoachiwa na marehemu. Na mimi, Mungu anisamehe, niliona raha.

Wiki ya pili nikashindwa kusimama. Goti limejaa damu kwa ndani, kupumua nahema. Binti yangu Hadija, anayeishi hapa hapa Masuguru, akaja Kabuku kuniona, akapiga kelele mlangoni. Hakumwuliza baba yake ruhusa. Akaniingiza kwenye gari, tukapita Segera, moja kwa moja mpaka hospitali hapa Korogwe.

Tulikutana na daktari mmoja, dada mdogo tu, umri wa Hadija. Nikamdharau. Nilisema moyoni, huyu ataniandikia vidonge vya malaria. Akaniamkia, shikamoo mama, akaangalia fizi, akaangalia vidoa, akalichunguza kovu langu muda mrefu. Kisha akauliza swali ambalo katika miezi yote ile hakuna kiumbe aliyeniuliza.

"Mama, unakula nini?"

Nikamweleza mwiko wangu kwa majivuno. Akanisikiliza mpaka mwisho. "Na kazi yako ni ipi?"

"Nauza machungwa."

Akainamisha uso kwenye faili. Mpaka leo nadhani alikuwa anazuia kicheko, na alikuwa na haki yote.

"Mama, una kiseyeye," akasema. "Ungechelewa, moyo ungesimama."

Nikabisha. Nikamwambia kiseyeye ni cha mabaharia wa zamani, na kovu je? Kovu nalo ni kiseyeye? Hapo ndipo aliponifundisha, na nilimfanya arudie mara tatu na kuniandikia majina kwenye karatasi, kwa hiyo sasa mtasikia na nyinyi. Anayetaka kusinzia asinzie, hasara ni yake.

Mwili umeshikwa na kamba. Ngozi, fizi, mishipa ya damu, mifupa, vyote vimefungwa kwa kamba inayoitwa kolajeni. Baba yangu alikuwa mtu wa mkonge humu humu Korogwe, kamba naijua: nyuzi tatu zinasokotwa pamoja. Kolajeni nayo ni nyuzi tatu. Kila uzi umeungwa kwa vipande vidogo vinaitwa asidi amino, na kimojawapo kilichojaa humo kinaitwa prolini. Lakini prolini hivi hivi haishiki. Ikishapangwa kwenye uzi, mwili unaipachika kikonyo kidogo cha oksijeni na haidrojeni, inakuwa kitu kingine, haidroksiprolini. Kikonyo hicho ndicho kinachozibana zile nyuzi tatu zisifumuke. Kikikosekana, daktari alisema, joto la mwili wako tu, hata huna homa, linatosha kuzilegeza.

Nani anapachika kikonyo? Kimeng'enya, fundi wa mwili, na ndani yake kuna chembe ya chuma. Chuma hicho katika kazi kinaharibika, kinakuwa kama kimeshika kutu, na fundi anasimama. Kinachokirudisha ni vitamini C. Iko kwenye chungwa, ndimu, nyanya, mchicha usiochemshwa ukafa. Mwili wa mtu hauwezi kuitengeneza. Ndiyo hiyo yote niliyokuwa nawamwagia kuku.

Na kovu? "Kovu halijengwi mara moja likaisha, mama," aliniambia. "Mwili unabomoa kamba za zamani pale na kusokota mpya, mwaka hadi mwaka. Kwako ubomoaji uliendelea, usokotaji ukasimama."

Nikamwuliza habari ya kongoro. Maana kongoro ni kano tupu, si imejaa hiyo haidroksiprolini? Akafurahi nilivyouliza. Akasema imejaa kweli, ila mwili hauwezi kuichukua ikiwa tayari na kuichomeka kwenye uzi. Lazima mwili uanze na prolini na kuibadilisha pale pale ndani ya uzi. Kwa hiyo ile supu yote ya Athumani ilikuwa chakula kizuri na dawa ya hovyo. Nilifurahi sana kumpelekea habari hiyo.

Nikapewa vidonge, nikapewa na chungwa. Nililila lile chungwa kitandani nikilia, fizi zinawaka moto, Hadija ananishikia kitambaa. Siku mbili tatu maumivu ya miguu yakapungua. Wiki haijaisha, damu mdomoni ikakoma. Kovu likafunga taratibu, kama mwezi na zaidi. Lile jino, na la pili lililolifuata, hayakurudi, hayo ndiyo haya mapengo mnayoyatazama.

Nilipoweza kutembea nilikwenda Mashewa. Maneno yangu ya uchawi yalishatangulia kwa simu. Wifi yangu alikuwa anauza mboga gulioni, na watu walipita mbali na meza yake. Jirani alishamkataza mtoto wake kupokea hata maji kwake. Nikasema leo nitamsafisha. Nikasimama katikati ya gulio, nikafungua mdomo wote waone fizi, nikapandisha gauni waone kovu. Nikasema mimi ndiye niliyemsingizia. Nikaeleza kiseyeye. Nikaeleza mpaka haidroksiprolini, jasho linanitoka.

Wakanisikiliza vizuri. Nilipomaliza, mama mmoja mwenye kikapu akawageukia wenzake. "Mnaona? Tangu amfukuze, amepona."

"Au mchawi mwenyewe kamwondolea alipoona amejulikana," akasema mwingine.

Nikawatukana. Matusi yenyewe sitayarudia hapa, kuna watoto. Nimezaliwa na hasira lakini siku ile nilitaka kuuma mtu kwa meno yaliyobaki. Wajinga wale! Na nilipokuwa nafoka nikajua kwamba hakuna hata mmoja mjinga kunizidi, maana wao waliyapokea tu maneno, mwenye kuyapanda ni mimi.

Mwantumu akanivuta mkono, akaniingiza kwake, akanipa kiti. Nikapiga magoti. Nikamwambia turudi nyumbani.

"Nimekusamehe, wifi," akasema. "Nilikusamehe zamani, nilijua unaumwa. Lakini kwako sirudi. Siku ukikohoa tu, nitatafutwa mimi. Na hapa usije tena kunitetea. Kila ukinitetea wananiogopa zaidi."

Hakunipikia. Aliniletea maji kwenye chupa ambayo haijafunguliwa, akanifungulia mbele ya macho yangu, ili nione.

Basi ndugu zangu, nipo hai, namshukuru Mungu, namshukuru yule daktari na binti yangu. Mgonjwa mwenzangu uliyekaa hapo na fizi zako, usikate tamaa, kiseyeye kinapona upesi kuliko mafua. Kula matunda, kula mboga mbichimbichi, na mtu akikupa mwiko mwulize unakatazwa kwa nini. Akishindwa kujibu, ondoka na chupa yake umwachie.

Sasa ulizeni maswali. Yule mama wa nyuma niliyemsikia ananong'ona kwamba labda wifi alikuwa na lake jambo, aanze yeye, na asimame nimwone.