Sukari ya Mtu wa Kreni

Katika kiwanda cha nondo walimwita Wa Juu, na wala halikuwa jina la sifa. Kazi yake ilikuwa kuendesha kreni, ile mashine inayotembea kwenye reli mbili chini ya paa la mabati, na ofisi yake ilikuwa kibanda cha vioo kisichozidi ukubwa wa choo. Asubuhi alipanda kwa ngazi ya chuma, akajifungia humo, akashuka jioni. Chini yake tanuri lilichemsha vyuma chakavu, na chuma kikishayeyuka kilimiminwa kwenye ndoo kubwa ambayo wenyewe wanaiita sufuria. Yeye ndiye aliyeinyanyua sufuria hiyo, akaipitisha polepole hadi penye kalibu za kuundia chuma, akaiinamisha. Kwa kazi ya namna hiyo mtu hatakiwi kusinzia, na kama ana mambo yake ya nyumbani, basi ayaache chini pamoja na kandambili zake.

Kwa muda sasa alikuwa na jambo lisiloachika chini. Alikuwa na kiu. Si kiu ya joto la tanuri, hiyo aliizoea tangu ujana. Hii ilikuwa kiu ya kunywa na kutamani tena kabla kikombe hakijatua. Alipanda na dumu la maji, nalo likaisha kabla ya chakula cha mchana. Na maji yakiingia lazima yatoke. Ukishuka ile ngazi kwa haja ndogo, kazi inasimama, msimamizi anakutolea macho, na walio chini wanaanza maneno. Basi Wa Juu akawa anapanda na dumu la pili, tupu. Mtu mzima, baba wa watoto wanne, anajikunyata kwenye sanduku la vioo huku akiomba pasiwe na mtu wa kuinua kichwa. Ziko jela zenye nafasi kuliko pale.

Alijua ana nini. Hapa tusimtetee. Kaka yake mkubwa alianza hivyohivyo, akanywa maji kama mchanga, akakonda, mwisho akakatwa mguu. Na sheria ya kiwanda ilikuwa wazi: mwenye sukari hapandi kreni. Anapewa ufagio, au anaambiwa akapumzike nyumbani, na pumziko la aina hiyo kila mwenye familia analijua. Kichekesho ni kwamba kreni yenyewe hakuipenda. Ilimuumiza mgongo, ilimkausha macho, na ilimnyima watu wa kuongea nao mchana kutwa. Lakini ndiyo kazi pekee aliyoijua. Kupanda hakutaka, kushuka hakuthubutu, na katikati hapakuwa na mahali pa kukaa.

Mtu pekee aliyezungumza naye kutoka kule juu, tena kwa mikono, alikuwa shemeji yake, mdogo wa mkewe. Huyo alikuwa mpiga ishara. Alisimama karibu na sufuria kuliko mtu yeyote, akionyesha kwa vidole pandisha, shusha, kulia, simama. Wakati wa mapumziko hakukosa la kusema.

"Shemeji, leo umemaliza kisima? Au dada yangu siku hizi anakupikia chumvi tupu?"

"Fundi wa maneno wewe. Kale huko."

Kila mwaka kiwanda kiliwapima wafanyakazi wake mkojo katika zahanati iliyo nyuma ya stoo. Tangazo lilipobandikwa, Wa Juu alikosa usingizi kidogo, kisha akapata wazo, na wazo lenyewe likamfurahisha kiasi kwamba hakulikagua mara mbili. Mkewe alikuwa mzima wa afya. Amejifungua hajafikisha miezi mitatu, na tayari anabeba ndoo kichwani na mtoto mgongoni. Mkojo wa mtu kama huyo ungekuwa na kasoro gani?

"Mama, mwaka huu kiwanda kinapima na familia," akamwambia Jumatatu alfajiri, akimpa kichupa kisafi.

"Mkojo wangu wanautakia nini? Kwani mimi naendesha kreni?"

"Ni utaratibu mpya."

"Utaratibu wenu hauishi vituko," alisema mkewe, lakini akampa, maana mtoto alikuwa analia na yeye hakuwa na muda wa kubishana.

Wa Juu alikificha kichupa ndani ya soksi kisipoe. Zahanati wakampa kikopo, akaingia chooni, akamimina, akatoka na uso wa mtu mwadilifu. Maabara yenyewe ilikuwa chumba kimoja chenye sinki na meza, na aliyeishika alikuwa mama mmoja mtu mzima mwenye miwani iliyofungwa uzi. Vile vijiti vya kisasa vya kuchovya vilikuwa vimekwisha, hivyo alikuwa akipima kwa njia ya zamani. Alimimina dawa ya buluu kwenye kijibomba cha kioo, akadondoshea matone ya mkojo, akakichemsha juu ya moto. Kama hamna sukari, buluu inabaki buluu. Waliotangulia wote walibaki buluu.

Cha Wa Juu kikawa kijani. Akadhani ni macho yake. Kisha kijani kikaanza kuingia unjano, kizito, kama maji ya bwawa.

Mama wa maabara alikitazama kijibomba, akamtazama na yeye, kisha akakiweka nyuma ya chupa ili waliosubiri mlangoni wasikione. "Siandiki kitu leo," akamwambia kwa sauti ya chini. "Vijiti vinakuja wiki hiihii. Urudi Ijumaa nikupime upya."

Alitoka pale akijilaumu kwa kushindwa kudanganya, na alikuwa amekwisha kushika ngazi ya kreni ndipo akili ilipomfikia. Ule haukuwa mkojo wake. Ulikuwa wa mkewe. Akasimama mguu mmoja chini, mwingine kwenye ngazi, mpaka msimamizi akamuuliza kama anasubiri kubebwa.

Siku ile na zilizofuata zilikuwa ndefu. Juu kibandani alifikiri, na nyumbani alipeleleza. Kila alichokiona kilimtia hofu. Mkewe alikunywa maji jagi zima akinyonyesha. Mkewe aliamka usiku kwenda haja. Mkewe alisema amechoka. Mwanamke anayenyonyesha angefanya nini kingine? Lakini Wa Juu alimwona kaka yake katika kila tendo. Chai ilipoletwa, akavuta kopo la sukari upande wake.

"Umeanza lini kunihesabia vijiko?" akauliza mkewe.

"Sukari si nzuri."

"Kwa nani?"

"Kwa watu tu."

Mkewe akamtazama, akatia vijiko vyake viwili, na kimoja cha ziada kwa ukaidi.

Alitaka kumwambia. Kila jioni alikunja ndita akajiandaa, na kila jioni akaahirisha. Akimwambia, atakwenda hospitali, na hospitali watamuuliza amejuaje. Atamweleza mdogo wake, na mdomo wa shemeji haukuwahi kuwa na kufuli. Kabla ya saa sita kiwanda kizima kitajua kwamba Wa Juu alipima mkojo wa mkewe, na hakuna anayeazima mkojo kama wake ni salama. Akinyamaza, mkewe anaendelea kuugua bila kujua, na mtoto kifuani. Alijisemea kwamba Ijumaa itaamua. Ijumaa ingeamua nini, hakujiuliza.

Alhamisi ndiyo iliyoamua. Alikuwa ameibeba sufuria iliyojaa, shemeji akimwonyesha aende taratibu, mara mikono ya shemeji ikawa minne. Wa Juu akapepesa macho. Mikono ikaungana, ikaachana tena, ikafunikwa na ukungu, na alipobana breki sufuria ilikuwa imepitiliza alama. Ikayumba. Tone la chuma likamwagika, likapasuka sakafuni hatua chache kutoka kwenye miguu ya shemeji, na suruali ya kijana wa watu ikashika moto upindoni. Akaruka, akauzima kwa kofia yake, akainua uso na kucheka, ingawa midomo ilikuwa imempauka.

"Shemeji, kama unataka urithi wangu, sema tu. Sina kitu."

Wenzake wakacheka. Wa Juu hakucheka. Aliitua sufuria mahali pake, akazima mashine, akashuka. Akamwambia msimamizi tumbo linamkata, akaenda moja kwa moja zahanati, akafunga mlango nyuma yake.

"Mama, ule mkojo wa Jumatatu haukuwa wangu."

Mama wa maabara hakushtuka. Nadhani kwa umri wake alishaona mengi yakitoka kwenye soksi. "Wa nani?"

"Wa mama watoto. Nisaidie, mama. Ana sukari, naye hajui."

"Ananyonyesha?"

"Ndiyo. Mtoto bado mchanga."

Yule mama akavua miwani, akacheka kwa pua. "Kaa chini, baba. Utaanguka bure. Dawa yangu ile haijui ugonjwa. Inachojua ni sukari punguzi tu."

"Ndiyo sukari gani hiyo?"

"Si moja, ni kundi. Ule ubuluu unaouona ni wa shaba. Ziko sukari ambazo ukizichemsha pamoja na shaba ile, zinaibadilisha, ubuluu unaondoka, inabaki unga mwekundu. Wasomi wanasema shaba imepunguzwa, na iliyoipunguza ndiyo sukari punguzi. Haina uhusiano na kukupunguza wewe mwili." Akainua mikono yake miwili. "Chukulia kila sukari ni mtu mwenye mkono mmoja. Mkono ukiwa wazi, unaikamata shaba. Glukosi, hiyo ya wagonjwa, mkono wake uko wazi. Ya matunda vilevile. Ile ya kwenye chai ni sukari mbili zilizoshikana kwa mikono hiyohiyo, hakuna uliobaki. Nikikoroga humu sukari ya chai nikachemsha, buluu haiguswi."

"Na mke wangu?"

"Ya maziwa nayo ni mbili, lakini zimeshikana vibaya. Moja imebaki na mkono wazi. Mama anayenyonyesha, maziwa yakiwa mengi, sukari yake nyingine inatoroka na mkojo. Dawa inaiona, inageuka kijani, inageuka njano. Waoka mikate wanazijua sukari hizo kwa kuupa mkate rangi ya kahawia. Wapima asali wanazijua. Mimi nazijua kwa kushtua waume za watu. Vijiti vimefika leo, hivi vinatambua glukosi peke yake. Mlete nimpime, tuwe na hakika. Ila mimi naona ni maziwa ya mtoto tu."

Wa Juu alijifunika uso. Alicheka, akasikia ni kilio, akakiacha kitoke chochote kile. Mkewe mzima. Alikuwa tayari ameinuka kwenda zake aliposikia kitu kikigonga meza. Kilikuwa kikopo kitupu.

"Sasa cha kwako," alisema mama wa maabara.

Mlango ulikuwa nyuma yake, wala haukufungwa kwa ufunguo. Lakini angetoka aende wapi? Kulia kuna ngazi ya kreni, na chini ya kreni kuna shemeji na suruali yake iliyoungua. Akachukua kikopo. Yule mama alichovya kijiti, kisha akachemsha na ile buluu, labda kwa huruma, ili asije akasema ni kijiti kibovu. Safari hii haikusimama kijani wala njano. Ilipita zote mbiombio ikatulia kwenye rangi ya tofali.

Jioni alimweleza mkewe yote, ameketi ukingoni mwa kitanda na kofia ya kazi mapajani. Kwamba ana sukari, kwamba tone la chuma limeanguka karibu na miguu ya shemeji, kwamba amepewa dawa, kwamba kesho hapandi tena. Alitarajia kilio. Mkewe alimsikiliza huku akimnyonyesha mtoto, akavuta pumzi, akasema, "Ufagio nao ni kazi. Bora ufagie una miguu yote." Na kuhusu kile kichupa alimwita mwizi, tena mwizi wa ajabu, kwani wezi wengine huiba vitu vya maana.

Wa Juu alihisi mzigo umemtoka mabegani. Ulimi ukalegea. Akamsimulia mambo ya kijani na njano, na mikono ya sukari, na jinsi alivyozunguka siku zote hizo akidhani mkewe ndiye mgonjwa, mpaka akaficha kopo la sukari. Aliyasimulia kwa madaha, kama kituko. Mkewe alicheka naye. Kisha akaacha.

"Hicho kichupa nilikupa lini?"

"Jumatatu."

"Leo Alhamisi."

"Ndiyo."

"Kwa hiyo tangu Jumatatu ulikuwa unajua naumwa."

"Nilidhani tu. Kumbe ni maziwa."

"Ulidhani naumwa kama kaka yako." Alimtoa mtoto kifuani, akamweka begani, akawa anampigapiga mgongo. Hakupandisha sauti. "Ukala chakula changu, ukalala hapa, ukaamka, ukaenda kazini. Na tone lisingemwangukia mdogo wangu karibu na miguu, ungeniambia lini?"

Wa Juu alifungua mdomo. Majibu yalikuja, tena mengi, na kila moja aliloligusa lilianza na kreni. Akafumba mdomo. Mkewe alikuwa bado anamtazama, anasubiri, na mtoto begani.