"Haya" ya Erica

Erica, mamalishe wa Chang'ombe, hana subira ya kuandika meseji. Hubonyeza simu, akasema lake kwa sauti, na akishasema amesema. Ndivyo alivyomjibu shemeji yake Ludovick, aliyeandika kwenye kundi la ukoo kwamba kiwanja cha Msalato, alichoachiwa Erica na marehemu mumewe, kiuzwe maadamu uwanja wa ndege umekipandisha bei.

"Haya, uzeni tu."

Anayejua Kiswahili hahitaji kufafanuliwa haya ile. Ilitoka kifuani, ikaburuzwa, ikakatwa. Ni haya ya mama anayemwambia mtoto aliyeinua jiwe mbele ya kioo: haya, rusha tu.

Brightness, binti wa Ludovick anayesoma chuo, akaona kichekesho. Aliichukua sauti ile, akaifanya nyembamba kama ya kinda la ndege, akaitia kinywani mwa kibinti cha katuni za Kijapani chenye macho kama visosi. Kibinti kikainama kwa adabu, vimaua vikadondoka: haya, uzeni tu. Akairusha video hiyo kundini, ukoo mzima ukacheka. Erica alipompigia akifoka, Brightness alimwamkia vizuri, shikamoo mama mkubwa, kisha akasema ni utani tu, wote wanafanya hivyo.

Utani gani! Wiki hiyohiyo Erica aliitwa ofisi ya mtaa, akamkuta Ludovick na mnunuzi wameshakaa. Ludovick akamwonyesha mwenyekiti video ile, akasema shemeji ameridhia, tena kwa upole, asikilizwe mwenyewe. Mnunuzi akatabasamu. Erica alihisi damu inamchemka mpaka masikioni. Miaka yote amesema kwa kinywa chake, leo anasemewa na katuni!

Mwenyekiti akamwomba atulie, aseme taratibu kama anakubali au hakubali.

"Ya taratibu wameshanitengenezea, mwenyekiti. Sikiliza ya kwangu."

Akamgeukia Ludovick, akamkazia macho.

"Haya, shemeji. Uza tu."

Ludovick akainamia simu yake, akaizima. Mnunuzi, ambaye hakuwa wa ukoo wala hakumjua Erica, ndiye aliyesimama kwanza. Alichukua funguo za gari mezani, akasema yeye amesikia, na kiwanja hicho hakitaki tena.

Erica hakumshukuru. Alimwambia Ludovick ampigie binti yake hapohapo, naye amweleze Brightness, kwa sauti ileile, haya ni nini.