Kiporo cha Baba

Juma lililopita, katika shule ninayofanya kazi hapa Buffalo, nilikabidhiwa bahasha ya karatasi za ruhusa niwagawie watoto wa darasa la saba. Wanakwenda safari ya siku moja kutembelea mahali pa kumbukumbu ya Wayahudi waliouawa na Wanazi wakati wa Vita vya Pili vya Dunia. Mzazi atie sahihi, mtoto avae viatu vya kutembea, chakula hakiruhusiwi ndani. Nilipofika hapo pa chakula nikacheka peke yangu, mpaka mwalimu mwenzangu akaniuliza kulikoni. Sikuwa na muda wa kumweleza. Wewe nitakueleza, mradi una subira, maana kwa maneno nimemrithi bibi yangu.

Mwaka 2015 nilikuwa msichana wa miaka kumi na mitatu, nikiishi na huyo bibi, mzaa baba, mjini Louisville. Sisi ni Warundi, lakini mimi nilizaliwa kambini Kigoma. Mama alifariki nikiwa mchanga, hata sura yake siijui. Chumba chetu kilikuwa ghorofa ya pili, na ndege za mizigo zilipita juu ya paa hadi vikombe vikatetemeka kabatini. Nyumba nzima ilinuka mawese na dagaa. Bibi alifanya kazi ya kukunja mashuka kwenye hoteli, na hata nyumbani hakuweza kuona kitambaa kimekaa ovyo bila kukikunja. Kazi yangu mimi ilikuwa kuchambua maharage na kumsomea barua. Alinisemesha Kiswahili, nikamjibu Kiingereza, naye akasema haya, endelea kubweka, njaa ikikuuma utakikumbuka Kiswahili. Na kweli, nilikikumbuka kila jioni.

Jioni, kabla hajanipakulia, Bibi alimpakulia kwanza Baba. Alikuwa na sahani ya bati yenye ua jekundu, tuliyotoka nayo kambini. Aliijaza ugali na mboga, akaifunika kwa sahani nyingine, akaiweka juu ya jiko. Baba hakuwepo. Nilipokuwa na miaka mitano alivuka mpaka kwenda kutazama shamba letu Burundi, akasema atarudi jioni, tumwekee chakula. Basi tukamwekea. Tulimwekea kambini, na tulipoletwa Amerika tukaendelea kumwekea. Asubuhi chakula kile kilikuwa kimeshakuwa kiporo, Bibi anakipasha moto, nakula ndipo naenda shule. Wenzangu walikula nafaka za maboksi zenye maziwa baridi. Mimi nilikua kwa kiporo cha baba yangu.

Watu wa kanisani, wale wageni wasiojua, walikuja kumpa pole. Bibi aliwakatiza palepale. Pole ya nini? Mwanangu hajafa, amechelewa. Wakanywa chai yao, wakaaga. Kwa hiyo nami sikuwahi kumlilia Baba. Utamliliaje mtu aliyechelewa? Lakini usidhani nilikuwa mjinga. Nilijua, tangu darasa la nne nilijua. Nilichokosa ni mtu wa kunipa ruhusa, na mwenye ruhusa alikuwa mmoja tu.

Sasa ikaja ile karatasi ya shule. Nilimsomea Bibi kwamba tunakwenda Columbus, kwenye nyumba ya kukumbuka watu wengi waliouawa kwa sababu ya kabila lao na dini yao, na atakayetutembeza ni mama mzee ambaye ndugu zake walikuwa miongoni mwao. Tena wanatafutwa wazazi wa kusindikiza. Bibi akaacha kukunja taulo. Akauliza kama huyo mama mzee atakuwepo mwenyewe. Nikasema ndiyo. Akasema basi huo ni msiba, na msibani watoto hawaendi peke yao.

Nilimweleza kuwa ni safari ya masomo. Wapi! Kesho yake alikwenda kuomba ruhusa kazini, akasema amefiwa. Msimamizi wake, maskini, akampa na maua. Alfajiri ya safari niliamshwa na harufu ya iliki. Alikuwa amekaanga maandazi akajaza ndoo ya aiskrimu, ile ya plastiki yenye mfuniko, na pembeni ameweka kilo mbili za sukari. Amejitanda kanga mbili. Nikamwomba aache ndoo. Akaniambia mkono mtupu haulambwi, na akaniuliza ni nani aliyenilea.

Kutoka Louisville hadi Columbus ni zaidi ya saa tatu kwa basi la shule, na basi zima lilinuka maandazi. Wavulana wa nyuma walipoanza kuimba, Bibi aligeuka akawatazama tu, wakanyamaza bila kujua kwa nini. Mwalimu aliniuliza kwa sauti ya chini kama bibi yangu anajisikia vizuri, na ndoo ile ni ya nini. Nikadanganya. Nikasema ni chakula chetu cha mchana. Nilikuwa na aibu, sikufichi. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze pamoja na ndoo.

Mlangoni mlinzi akasema chakula hakiingii. Bibi akataka kujua ni msiba gani huu unaokataa chakula. Hilo sikulitafsiri. Mlinzi aliipokea ndoo kwa upole akaiweka mezani pake, nasi tukaingia.

Mwongozaji alikuwa mama mfupi mwenye fimbo na sweta ya kijivu, aliyemzidi Bibi umri. Alitupitisha polepole penye picha, penye masanduku ya safari yaliyoandikwa majina ya wenyewe, penye kiatu kimoja cha mtoto ndani ya kioo. Nilitafsiri kwa kunong'ona. Mwisho tukatoka bustanini, penye ukuta wa mawe uliochongwa majina, mengi hata macho yakachoka. Bibi akanishika bega akasema waliosema kifo cha wengi harusi hawakufika hapa.

Tukaketi kwenye nyasi, mwongozaji akakaa benchini akatusimulia habari zake. Alifichwa na majirani akiwa mdogo, yeye na mama yake wakapona. Baba na kaka yake walichukuliwa, hawakurudi. Watoto wakauliza maswali yao, alikula nini, alilala wapi, aliogopa? Mwalimu alipouliza kama kuna swali la mwisho, Bibi akanyoosha mkono kama mwanafunzi.

"Mwulize wafiwa wamekaa wapi," akaniambia.

Niliuliza huku natazama nyasi. Mwongozaji akafikiri kidogo, akasema mfiwa ni yeye, wengine wote wamekwisha. Basi Bibi akainuka. Alikwenda moja kwa moja hadi mlangoni, akarudi na ndoo yake na sukari yake, darasa zima linamtazama. Akapiga goti kidogo, akamkabidhi kwa mikono miwili.

"Pole, dada yangu. Pole kwa baba na kaka."

Nikatafsiri. Nikaongeza kwamba samahani, kwetu ndivyo tunavyofanya msibani. Yule mama aliiweka ndoo mapajani akaifungua. Kisha akasema hata kwao, mtu akifiwa, majirani huleta chakula ili asipike. Akasema miaka yote ya kuwatembeza watu amepigiwa makofi na kuandikiwa kadi nzuri, lakini chakula cha mfiwa hajaletewa tangu alipomzika mama yake. Akachukua andazi akalila palepale, machozi yanamtiririka, nasi tunamtazama. Mwalimu naye akaanza kulia. Ndoo ikazungushwa darasa zima.

Hapo nilidhani yamekwisha. Lakini Bibi alikuwa ameketi benchini kando yake, na hakuwa tayari kuondoka. Akanituma nimwulize kaka yake alizikwa wapi.

Yule mama akasema hawakumzika. Hawakuambiwa siku wala mahali. Mama yake alimngoja, kila jioni anamtandikia kitanda, mwaka baada ya mwaka, na yeye mtoto hakuthubutu kumlilia kaka yake mbele ya kitanda kile. Siku moja mama yake akakunja shuka, akawasha mshumaa, akasema iwe leo. Mwongozaji akasema kwao ndivyo ilivyo, usipoijua siku ya kifo, unaichagua.

Nilitafsiri nikiwa nimemkazia macho Bibi. Vidole vyake vilikuwa vinakunja pindo la kanga, vinakunjua, vinakunja.

"Na kama angekuja baada ya hapo?" akauliza.

Yule mama akasema angewakuta wameshamlilia, wangefurahi, na asingewakasirikia. Kisha akamwuliza Bibi amempoteza nani.

Nilidhani Bibi atasema yale yale ya kuchelewa, nikawa nimeshayaandaa kwa Kiingereza. Akasema, "Mwambie nimempoteza mwanangu."

Nikamwambia. Yule mama akamshika Bibi mkono akasema maneno ya pole, na mimi, mtoto wa huyo anayeombolezwa, ndiye niliyepaswa kuyafikisha. Sijawahi kubeba mzigo mzito kama ule.

"Bibi," nikasema, "anasema pole kwa kufiwa na mwanao."

Nilingoja anikatize. Hakunikatiza.

"Mwambie asante. Nimeshapoa." Halafu akanivuta nikaangukia kanga zake zinazonuka mafuta na iliki. "Na wewe pole, mjukuu wangu. Umefiwa na baba yako."

Nililia, ndugu yangu. Nililia mbele ya wavulana wa nyuma ya basi na sikujali. Hakuna aliyenicheka. Mmoja wao aliniwekea andazi lake magotini.

Bibi alichagua Jumamosi iliyofuata. Shangazi yangu, dada yake Baba, alikuja kutoka mji mwingine, majirani wakaleta mchele, maharage na viti, tukakaa matanga siku tatu katika chumba kile kidogo, wengine wameketi ngazini. Safari hii watu wa kanisani walisema pole, na Bibi akawaitikia mmoja mmoja. Jioni ya siku ya tatu aliiosha ile sahani ya bati, akaifuta, akaipanga kabatini pamoja na zetu. Asubuhi yake nilikwenda jikoni kwa mazoea. Juu ya jiko hapakuwa na kitu. Bibi akanipikia uji.

Bibi tulimzika Louisville, siku yake tunaijua. Chumba chetu wanakaa watu wengine. Sijui kama yule mama wa Columbus bado yu hai. Sahani ninayo hapa Buffalo, naitumia kama sahani nyingine yoyote. Siku ya safari nitakwenda na watoto wangu wa darasa la saba, na ndoo ya aiskrimu nimeshaiosha. Mlinzi akiikataa, nitamwachia mpaka tutakapotoka bustanini.

Kumlilia Baba kulinipa usingizi, wala sijutii. Lakini kuna asubuhi za baridi napasha moto chakula cha jana katika sahani ile, na nikionja nakuta si chenyewe. Zamani zile nilikuwa na baba aliyechelewa tu, na kila nilipoamka nilikuta ameniachia chakula.