Makaburi Yasiyoko Migombani

Jumatatu, katika ofisi ya baraza la ardhi mjini Kayanga, bibi mmoja mwenye ushungi alisimama mbele ya karani kutetea kibanja chake cha migomba na kahawa. Jirani yake alikuwa anadai kuwa ni mali ya ukoo wake.

"Mwenzako ametuonyesha makaburi matatu ya wazee wake pale," karani alisema. "Ya wazee wako yako wapi?"

"Mjukuu wangu, babu yangu alikuja na msafara wa wafanyabiashara wa Pangani, akaoa hapa. Watu wa pwani walizikana pamoja, kwenye makaburi yao. Hatukuzika migombani."

"Basi rudi Pangani!" mzee mmoja alidakia kutoka kwenye benchi. Watu wakacheka.

Bibi aligeuka, akamjibu kwa Kinyambo, lugha ya huku, kisha akarudi kwenye Kiswahili. "Hiyo Pangani naisikia tu. Bahari yenyewe sijaiona."

"Bibi, huku kwetu kaburi ndilo shahidi," karani alisema.

Ni kweli, niliwaza nikisubiri zamu yangu nyuma ya bibi. Mwaka huu nimemzika mke wangu migombani, nikidhani nampumzisha karibu nasi. Sikujua kwamba nimempa kazi ya kulinda mpaka.

Bibi alikunja karatasi zake moja moja. "Nikizikwa mimi pale, wanangu wataachiwa kibanja?"

"Itasaidia," karani alisema bila kuinua macho.

"Basi waambie wakubwa wako wasiharakishe hukumu," bibi alisema. "Sitawachelewesha."