Mturuki wa Kware

Kule mtaa wa Kware, ghorofa ya sita, ambako maji hupandishwa kwa mitungi na jua huingia dakika chache tu, aliishi mwanamume aliyeijua Uturuki kuliko alivyoijua Kitui kwao. Jina lake Kilonzo wa Mutie. Uturuki hajaikanyaga. Hata Mombasa hajaikanyaga. Lakini ukikaa naye kwa kinyozi, kabla wembe haujafika kisogoni ungekuwa umeshasikia jinsi Waturuki walivyobadilisha herufi za kuandikia mwaka 1928, taifa zima likarudi darasani, wazee na ndevu zao. Watu walimwita Mturuki. Naye, masikini, aliitika akitabasamu, asijue kwamba wanamcheka.

Ugonjwa huo aliupatia kazini. Miaka tisa alikuwa kibarua katika kiwanda cha taulo huko Industrial Area, akitengeneza mashine za kufuma. Baba yake alikuwa mchonga vinyago, na Kilonzo alirithi vidole: akiweka kiganja juu ya mashine inayotetemeka, alijua panapouma. Kiwanda kilipouzwa kwa tajiri mmoja wa mji wa Denizli, Uturuki, Bwana Nejat, alikuja injinia aitwaye Orhan kusimika mitambo mipya. Orhan alikuwa amefanya kazi Mombasa muda mrefu na Kiswahili alikijua. Alikuwa pia mpweke, na mpweke anayependa kusimulia hatafuti rafiki, anatafuta sikio. Akalipata.

Saa ya chakula wawili hao walikaa juu ya marobota ya pamba. Orhan alimweleza jinsi serikali yao ilivyojenga viwanda vya nguo miaka ya thelathini, katika miji ya bara iliyojua kondoo tu. Alimweleza habari za waziri mkuu aliyepinduliwa na wanajeshi, akanyongwa mwaka 1961. Alimweleza mwaka 1980, nchi ilipofungua milango ya biashara, kisha wanajeshi wakashika serikali tena, na taulo za Denizli zikaanza kujaa Ulaya. Na alimweleza kisa cha tarbushi, ambacho Kilonzo alikipenda kuliko vyote: kofia ile nyekundu ilivyopigwa marufuku mwaka 1925 ili watu waonekane wa kisasa, na baadhi ya waliopinga wakanyongwa.

"Hadi leo bosi hataki kuiona," Orhan alisema. "Mchoraji mmoja aliichora kwenye lebo ya taulo, akidhani anatupamba. Alifukuzwa kabla ya saa sita."

Kilonzo alikirudia kisa hicho nyumbani mara nyingi hadi mkewe, Ndunge, akawa anakimalizia yeye mwenyewe huku akikata sukuma wiki.

Basi ikatangazwa kwamba mfanyakazi mmoja atapelekwa Denizli miezi sita kusomea mitambo ile, na akirudi atakuwa msimamizi, mwajiriwa wa kudumu. Hataitwa tena jina getini kila asubuhi kama mtoto wa shule. Bwana Nejat angekuja mwenyewe kuchagua kati ya wawili, Kilonzo na Gachanja. Huyo Gachanja alisimamia mashine iliyo jirani na yake. Mikono yake ilikuwa ya kuharibu, lakini mdomo ulikuwa mtamu, na mwaka uliotangulia bosi alipokuja, yeye ndiye aliyembebea mizigo siku tatu.

Wanawake wa kanisa la Ndunge, katika mtaa wa Tena, hawakungoja uchaguzi. Waliandaa maombi ya kumsindikiza msafiri, chapati zikapikwa, na wakamkabidhi begi jipya la magurudumu lenye utepe. Kilonzo alisimama katikati yao akiona haya, akisema bado hajachaguliwa. Mwenyekiti wao akamwambia anyamaze, imani haisemi "bado".

Siku ya mahojiano, Gachanja alimvuta kando.

"Buda, wewe unajua hizo story zao zote. Usikae nazo. Mgeni ni wa kusifiwa. Mpatie ile ya masoldier, vile walinyoosha nchi. Huyo mzee atafurahi mbaya."

"Uko sure?"

"Mimi si nilimbebea bag siku tatu? Namjua huyo."

Kilonzo aliingia pamoja na Gachanja katika ukumbi wa kulia chakula, akasimama kama watu wanavyosimama kwenye harambee. Hakuulizwa, lakini alifuata itifaki. Alimsalimu mheshimiwa, akaisifu nchi yake, akasifu viongozi wake kuanzia wale wa kwanza, mwaka hadi mwaka, bila kukosea hata mmoja. Orhan alikuwa akitafsiri, na mzee Nejat akaanza kutikisa kichwa kwa mshangao. Kilonzo akaona ameshashinda. Laiti angekaa hapo.

"Na zaidi ya wote," alisema, "nawashukuru wanajeshi wa mwaka 1980. Walinyamazisha wenye fujo, nanyi mkapata nafasi ya kufuma."

Orhan aliacha kutafsiri. Mzee akamuuliza kitu kwa Kituruki, akauliza tena kwa ukali, na Orhan akatafsiri akiangalia meza. Mzee alifunga kalamu yake. Hakumtazama Kilonzo tena. Alimgeukia Gachanja.

"Mimi siasa sijui, bosi," alisema Gachanja kwa unyenyekevu. "Mimi ni mtu wa kazi tu."

Jioni hiyo Kilonzo alimkuta Orhan getini akivuta sigara.

"Nimekosea wapi, injinia?"

"Mdogo wake alikuwa mwanafunzi. Wanajeshi hao walimchukua mwaka huo huo. Mama yao alirudishiwa viatu tu."

"Mbona hukuniambia?"

"Si habari yangu kuitangaza. Hapa tunaojua ni wawili. Mimi, na Gachanja. Mzee alimwonyesha picha ya kijana huyo alipokuwa akimbebea mizigo, nami nikatafsiri."

Kilonzo alitembea kwa miguu hadi Kware. Alitamani kulia, chozi likakataa. Jumatatu alisimama getini na vibarua wengine, majina yakaitwa, lake halikuitwa. Jumanne hivyo hivyo. Siku ya tatu askari wa geti, Kweyu, ambaye miaka tisa walikuwa wakitaniana, alimwambia asijisumbue kuja, na akasema akiangalia pembeni. Kanisani wanawake walianza kuuliza kama begi lile linahitajika.

Jumapili moja alasiri Gachanja, ambaye ndiye aliyechaguliwa, akapanda ngazi hadi ghorofa ya sita. Alikuja na mkate na tabasamu.

"Niaje, Mturuki. Shemeji, mko poa? Nimesikia mko na begi ya safari imekaa tu."

Hata haya hakuona. Kilonzo alimtazama, na moyoni alihisi chuki ambayo hakuwahi kuihisi kwa mtu, chuki safi, yenye raha ndani yake. Alisema begi lipo, achukue. Ndunge akalitoa chini ya kitanda, akaufungua utepe, akalisukuma hadi mlangoni kwa mguu.

Gachanja alikuwa na kitu kingine. Kutoka kwenye koti alitoa tarbushi nyekundu, mpya, yenye kishada cheusi.

"Nimeitoa Eastleigh kwa duka moja. Mzee mwenyewe anakuja kunichukua airport na familia yake. Nataka wanione nimeheshimu culture yao. Wewe ndio unajua hizi vitu. Itawabamba, wataipenda?"

Mtu aliyekuwa akimshika kila mpita njia amsimulie Uturuki, leo ameulizwa swali lenyewe, nyumbani kwake. Alimtazama mkewe. Ndunge alikijua kisa kile hadi mwisho wake. Ilikuwa zamu yake kukimalizia, kama siku zote.

Kilonzo alisimama. Kwa vidole vile vya mchonga vinyago aliichukua tarbushi, akamvisha Gachanja, akaiweka sawa, akakilaza kishada upande wa kulia.

"Imekukaa," alisema. "Uivae kabla hujashuka kwenye ndege."

Ndunge alikwenda jikoni, akarudi na mfuko mgumu wa karatasi, akampa Gachanja ili kofia isije ikapondeka njiani.