Mansuri Hanyoi

Mansuri Pazi ana miaka ishirini na minne, rasta zinazofika mabegani, na hali nyama. Katika kitongoji chake huko Matombo, ni yeye peke yake asiyechoma shamba kabla ya mvua za vuli. Baba yake, Mzee Pazi, huyaita yote hayo uhuni.

Aliporudi kutoka Morogoro mjini alianza kulima pilipili manga kwenye mteremko wa nyuma ya nyumba. Septemba iliyopita baba alikuja na kiberiti. Mwana akasimama mbele ya majani makavu.

"Nyoa hayo manywele, uchome kama wenzako, au utoke kwenye shamba langu!"

"Baba, sinyoi. Na sichomi."

Mama yake, Chausiku, alikuwa barazani akichambua kisamvu. Rasta zenyewe humtia aibu kila anapokwenda msibani. Hata hivyo aliinua kichwa.

"Shamba la nani, baba Mansuri?"

Kwa Waluguru ardhi hufuata ukoo wa mama. Pazi, aliyekuja hapo kwa kuoa, alikuwa amemfukuza mwenyeji.

Akaitwa Kondo, kaka yake Chausiku, msemaji wa ukoo. Kwanza alizitazama rasta.

"Mpwa wangu, wewe ulipandwa kichwa chini? Mbona mizizi iko juu?"

Watu walicheka, Mansuri naye akacheka. Kisha Kondo akamgeukia shemeji yake: kijana haondoki.

"Basi naondoka mimi," Pazi alisema, akachukua jembe. "Hata mimi nina kwa mama yangu, kule Kinole."

Macho yote yakamgeukia Mansuri. Wembe ungemaliza ugomvi palepale.

"Baba akae," alisema. "Mjomba, nipe kule juu kwenye mawe."

"Kule hata mbuzi wanateleza."

"Nitakata matuta."

Alipewa, na matuta ameyakata, akayatandaza majani aliyokataa yachomwe. Pilipili zimeanza kutambaa juu ya miti. Pazi alibaki, na huko chini bado anachoma, ila moto wake huuzima kwenye mpaka wa mwanawe.

Kila asubuhi baba yake anapopita, Mansuri huacha jembe. "Shikamoo, baba." Mzee hajaitikia hata mara moja.

Chausiku humuuliza mwanawe atachoka lini.

"Kuamkia hakuchoshi, mama. Kinachochosha ni huu mlima."